Nani alibeba deni la Morituri?

Mwanangu Rehema,

Umeniuliza kama Artur Brauner, mtayarishaji wa filamu wa Ujerumani, aliisaliti sinema alipotoka kwenye Morituri, filamu yake ya wahanga wa Wanazi, na kuingia kwenye filamu za burudani za simbamarara na za yule mhalifu Dakta Mabuse. Kabla ya usaliti, tuzungumzie fedha. Siku zote nakwambia: tazama kwanza nani amebeba deni.

Morituri ilitoka mwaka 1948. Brauner, Myahudi wa Łódź ambaye Wanazi walimuulia ndugu 49, alikuwa na miaka 30 na kampuni yake ya filamu ya CCC, Berlin, ilikuwa na miaka miwili. Filamu inahusu wafungwa waliotoroka kambini wakajificha msituni. Watazamaji waliizomea, wenye majumba ya sinema wakaitoa. Mpaka leo linanichoma: amenusurika, anasimulia, na hawataki kusikia! Hasara ikabaki yake, akailipa kwa filamu za burudani.

Kwa nini yake? Fedha za tiketi zina foleni. Mwenye ukumbi hukata fungu lake. Msambazaji hufuata na kamisheni, gharama za kopi na matangazo. Kisha benki. Mtayarishaji ni wa mwisho, na filamu ikianguka hapati kitu. Miaka ya 50, Ujerumani Magharibi, msambazaji alitia saini dhamana, yaani ahadi ya kulipa fedha fulani, kabla kamera haijawashwa, na mtayarishaji akaipeleka benki kukopea. Basi msambazaji ndiye aliyekuwa na kauli juu ya nyota, hadithi, hata jina la filamu.

Halafu Brauner alikuwa na studio zake Spandau, Berlin. Studio ikikaa tupu, maseremala na mafundi umeme bado wanadai mishahara, kwa hiyo filamu lazima ifuate filamu. Alipomrudisha Ujerumani mwongozaji Fritz Lang, safari moja ya India ilizaa filamu mbili, Der Tiger von Eschnapur (Simbamarara wa Eschnapur) na Das indische Grabmal, zote za 1959: kikosi kilekile, mavazi yaleyale. Hadithi yenyewe ilishatengenezwa 1921 na 1938, watu waliijua.

Utasema, “Mama, hiyo ni biashara tu.” Labda. Sidhani deni la 1948 lilifika hadi kwa Mabuse wa miaka ya 60, hapo nakubaliana nawe. Lakini Die Ratten, iliyopata Dubu wa Dhahabu, tuzo ya tamasha la filamu la Berlin, mwaka 1955, ni ya CCC pia. Na mwaka 1990, na umri wake wa miaka 72, alishiriki kutayarisha Hitlerjunge Salomon, habari ya kijana Myahudi aliyejificha miongoni mwa Wanazi. Ikapata tuzo ya Golden Globe, lakini kamati ya Ujerumani ikakataa kuipeleka Oscar! Mara ya pili hawataki kusikia, mwanangu.

Usaliti? Ulimi unaniwasha kukujibu, lakini wewe uko Berlin. Itafute Morituri, uitazame yote, ndipo uniandikie.

Mama yako