Robo na sudusi: kwa nini hatujumlishi chini kwa chini?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Mwanangu wa darasa la tano kajumlisha 1/4 + 1/6 akapata 2/10, juu kwa juu, chini kwa chini. Kakosa. Nikamwambia atafute KDS (kigawe kidogo cha shirika), akaniuliza, "Kwani nilivyofanya mimi pana ubaya gani, mama?" Nikakosa la kumjibu.
Mama wa Makorora, Tanga

JIBU: Marahaba, mwanangu. Swali la huyo mtoto ni zito kuliko hesabu yenyewe, na linaniuma kuona tunavyowakimbiza watoto kwenye KDS kabla hawajajua wanaitafutia nini.

Kwanza mwambie arahisishe 2/10 yake. Atapata 1/5. Sasa muulize: robo na 1/5, ipi kubwa? Robo. Yaani alikuwa na robo, akaongezewa kitu, ikapungua! Mwache akae na hilo kidogo, usimkimbilie na jibu.

Halafu shika saa ya ukutani. Robo saa ni dakika 15. Sehemu ya sita ya saa ni dakika 10. Jumla dakika 25, wala hakuna mtoto wa kubishana na hilo. Dakika ziliwezekana kujumlishwa kwa sababu zote zina ukubwa mmoja. Asili, ile namba ya chini, ndiyo inayotaja ukubwa wa kipande. Kiasi, ya juu, kinahesabu vipande tu. Vipande vya nne na vya sita havilingani, kwa hiyo huwezi kuvihesabu pamoja mpaka uvikate upya vilingane.

Hapo sasa ndipo KDS inapokuja. Vigawe vya 4 ni 4, 8, 12; vya 6 ni 6, 12. Vinakutana kwenye 12. Robo ni 3/12, sudusi ni 2/12, jumla 5/12. Rudi kwenye saa: 1/12 ya saa ni dakika 5, mara 5 ni dakika 25. Akizidisha 4 kwa 6 akatumia 24, atapata 10/24, na akirahisisha ni 5/12 ileile. Usimwambie kakosa, kazunguka tu.

Kama anasoma chuoni, yaani madrasa, mpe ya mirathi ya Kiislamu. Mtu kafariki, kaacha mke, mama na mtoto mmoja wa kiume, na baada ya madeni na wasia zimebaki shilingi 2,400,000. Mke ana thumni, mama ana sudusi. 1/8 + 1/6 ni 3/24 + 4/24, yaani 7/24. Mke 300,000, mama 400,000, na 17/24 zilizobaki, 1,700,000, ni za kijana. Akijumlisha chini kwa chini hapo atapata 2/14, na mke na mama watadhulumiwa.

Akiiweza hiyo, mpe 3/8 + 5/12. Jibu ni 19/24.