Uhakiki wa kifeministi si kuhesabu wahusika wa kike

Ndugu mleta mada, umeuliza kama uhakiki wa kifeministi wa riwaya za kisayansi na za fantasia una kazi yoyote zaidi ya kuhesabu wahusika wa kike na kumlaumu mwandishi wanapopungua. Hata mimi nilidhani hivyo, hadi nilipojaribu kujitafsiria kurasa chache za The Left Hand of Darkness, riwaya ya Ursula K. Le Guin iliyotoka mwaka 1969.

Katika riwaya hiyo, wenyeji wa sayari ya Gethen si wanaume wala wanawake. Kwa siku chache tu katika kila mwezi mtu hugeuka kuwa mmojawapo, hivyo mama wa mtoto huyu aweza kuwa baba wa yule. Hata hivyo, Le Guin aliwataja wote kwa kiwakilishi cha kiume cha Kiingereza, "he". Wahakiki walimbana kwa hilo, na pia kwa sababu Estraven, mmoja wa wahusika wakuu na mwenyeji wa Gethen, tunamwona akiwa waziri mkuu, mkimbizi na mvuta sleji barafuni, lakini hatumwoni akilea watoto. Hili la pili Le Guin alilikubali katika insha yake ya mwaka 1976. Kiwakilishi alikitetea, kisha mwaka 1987 akairudia insha ileile na kujisahihisha.

Mwanzoni nilijiona nimepata mteremko, kwa kuwa "alikuja" na "akasema" hazifichui jinsia ya mtu. Nikafika kwenye sentensi inayosema kwamba mfalme ana mimba. Nikiandika "mfalme", msomaji anashtuka, maana kwake mfalme ni mwanamume, na mwanamke ni malkia. Nikiandika "mtawala", mshtuko wote aliokusudia mwandishi unapotea. Nilibaki na "mfalme".

Kigumu zaidi kilikuwa pale mtu anapoapa kuishi na mpenzi wake. "Walioana" inafaa wanapotajwa wote wawili, lakini anapotajwa mmoja, je, alioa au aliolewa? Kitenzi chenyewe kinataka kujua nani mume kabla sentensi haijaisha, na sikuwahi kuliona hilo katika miaka yote niliyokitumia. Maswali ya namna hiyo ndiyo wanayouliza wahakiki hao, na hakuna hesabu ya wahusika ingenifikisha hapo. Kwa sasa nimeandika "alifunga agano na", ingawa nikiisoma kwa sauti inasikika kama mkataba wa kupangisha nyumba.