Kabla Hujajenga Mnara wa Maduka, Ofisi na Makazi

Wateja wengi wanaotaka ghorofa refu lenye maduka chini, ofisi katikati na makazi juu huja na picha kwenye simu: vioo, taa, bustani juu ya paa. Mimi ni msanifu majengo hapa Dar es Salaam, na huwa nawaomba tuiweke kando hiyo picha, tuanze na mkato. Huo ni mchoro unaoonyesha jengo kana kwamba limepasuliwa kutoka paa hadi msingi. Humo ndimo unapoona watu, maji, moshi na takataka vitapita wapi, na majengo ya aina hii huharibikia kwenye njia hizo.

Wazo lenyewe si geni kwetu. Kariakoo na Mji Mkongwe watu wameishi juu ya maduka miaka nenda rudi. Kilichobadilika ni urefu. Kwenye nyumba ya ghorofa mbili, mwenye duka na mpangaji hupishana mlangoni tu. Kwenye mnara wa ghorofa 25, saa moja na nusu asubuhi wafanyakazi wanapanda, wanafunzi na mabegi yao wanashuka, na kijana wa mitungi ya gesi naye amesimama palepale anasubiri lifti. Kwa hiyo tenganisha tangu barabarani: wakazi wawe na mlango wao, mapokezi yao na lifti zao. Mama anayerudi na mtoto aliyelala begani asilazimike kupita katikati ya fremu za maduka.

Chicago walilifanyia kazi jambo hili mapema. Jengo lililoitwa John Hancock hadi 2018, na lililokamilika 1969 likiwa na ghorofa 100, lina maduka, maegesho, ofisi na makazi ndani ya mnara mmoja. Mhandisi Fazlur Khan na msanifu Bruce Graham walilifanya lipungue upana kadiri linavyopanda. Ofisi zinafaidika na sakafu pana, ila nyumba ya kuishi inataka kila chumba kiwe karibu na dirisha, ndiyo maana makazi yakawekwa juu kwenye wembamba. Wakazi hupanda kwa lifti zao hadi ghorofa ya 44, kisha hubadili lifti.

Hapa nyumbani, mradi wa Morocco Square wa Shirika la Nyumba la Taifa pale Kinondoni ulichukua njia nyingine: minara tofauti ya ofisi, hoteli na makazi, maduka yakiwa chini yao. Kama kiwanja kinaruhusu, napendelea njia hii. Kila mnara unapata mpangilio wa nguzo unaoufaa, na mabomba ya vyoo yanashuka wima bila kupinda juu ya dari ya ofisi ya mtu.

Kuhusu maji, kumbuka hesabu moja: kila mita 10 za kimo huongeza shinikizo la takriban baa moja (baa ni kipimo cha shinikizo). Ukiweka tangi juu ya mnara wa mita 100 na bomba moja hadi chini, mabomba ya ghorofa za chini yatabeba karibu baa 10, na koki za kawaida hazitadumu. Gawa jengo kwa kanda, weka na tangi katikati.

Moshi ndio unaosahauliwa zaidi. Niliwahi kuingia chumba cha kulala kilichokuwa juu ya mgahawa. Mapazia yamekolea harufu ya mafuta ya chipsi, na mpangaji amebandika seloteipu kwenye tundu la hewa la bafuni. Ilikuwa ghorofa ya tano. Bomba la moshi la mgahawa lilikuwa limeishia ukutani, chini kidogo ya dirisha lake. Bomba hilo lipande mpaka juu ya paa, na nafasi yake itengwe hata kama leo huna mgahawa, kwa sababu mpangaji wa duka hubadilika.

Ninalolisimamia kwa nguvu kuliko yote ni msiba. Mtu akifiwa ghorofa ya 18, ndugu, majirani na wafanyakazi wenzake watakuja, na watakaa siku kadhaa. Watakaa wapi? Turubai litafungwa wapi, na sufuria za kupikia waombolezaji zitawekwa wapi? Nimeona watu wakikaa kwenye ngazi za dharura, mahali ambapo hapatakiwi kuwa na kitu chochote. Tenga ukumbi wa wakazi wenye uwazi wa nje, jiko na vyoo; huohuo utatumika kwa kitchen party na maulidi. Na angalau lifti moja iwe na kina cha kulaza machela au jeneza. Ni jambo la heshima, wala halimfilisi mwenye jengo likiamuliwa mapema.

Mwisho, malipo. Tangu 2008 Tanzania ina sheria inayomwezesha mtu kumiliki sehemu ya jengo kwa hati yake, lakini hati haikuambii nani ananunua dizeli ya jenereta. Kila nyumba, duka na ofisi iwe na LUKU yake, yaani mita yake ya umeme wa kulipia kabla. Kisha andika, kabla hujauza hata sehemu moja, kwamba lifti za ofisi zinalipiwa na ofisi, za makazi na wakazi, na pampu na jenereta zinagawanywa kwa ukubwa wa eneo. Chumba cha mita kiwe mahali ambapo fundi wa TANESCO anafika bila kupita ndani ya duka la mtu.