Ziara ya siku moja katika Bonde Takatifu, Peru
Ndugu uliyeuliza kama siku moja na kiongozi wa watalii inatosha kuona magofu ya Wainka (watu waliotawala eneo hilo kabla ya Wahispania) na masoko ya miji ya Pisac na Chinchero, naona inatosha, ilimradi ratiba isijazwe vituo vingi mno. Magari huondoka Cusco asubuhi, na kwa kuwa mji huo uko takribani mita 3,400 juu ya usawa wa bahari ilhali Ollantaytambo, mji ulio bondeni, uko karibu mita 2,800, sehemu za chini za bonde hili humfaa mgeni ambaye mwili wake bado haujazoea hewa nyepesi. Soko la Pisac huwa wazi kila siku, ingawa Jumapili ndiyo huchangamka zaidi. Vitambaa, kwa maoni yangu, ni afadhali uvinunue Chinchero, ambako wafumaji hukuonyesha jinsi sufu inavyotiwa rangi kwa mimea na kwa kochinili, mdudu mdogo wa kwenye mipungate. Uliza mapema kama bei inajumuisha tiketi ya pamoja ya kuingilia magofu, kwani mara nyingi haimo. Ikiwa kesho yake unakwenda Machu Picchu, magofu mashuhuri ya Wainka, omba ushushwe Ollantaytambo, ambako treni nyingi huondokea, badala ya kurudi Cusco.