Maswali ya Wasomaji: Niuze Haki Zote za Filamu Yangu ya Kwanza?

SWALI: Ndugu Mhariri, nimemaliza filamu yangu ya kwanza ya kutisha kwa akiba yangu na fedha za kuazima, na sasa msambazaji mmoja anataka kununua haki zote kwa malipo ya mara moja. Nimesoma kwamba Mmarekani Roger Corman alitayarisha mamia ya filamu nje ya kampuni kubwa bila kupata hasara hata siku moja. Je, ni kweli? Nami niuze?

JIBU: Ndugu msomaji, habari ya kutopata hasara imetokana na jina alilokipa kitabu cha kumbukumbu zake mwaka 1990, nalo linapamba kidogo. Filamu yake ya mwaka 1962, The Intruder, iliyohusu chuki ya rangi wakati weusi walipoanza kuruhusiwa katika shule za weupe kusini mwa Marekani, ilisifiwa na wahakiki lakini watazamaji hawakujitokeza, na fedha zake zikazama.

La kujifunza kwake liko nyuma zaidi, mwaka 1954, alipokuwa na filamu ya magari mkononi na kampuni kubwa kuliko yeye zikaitaka. Corman alipiga hesabu akaona kwamba akiitoa kwa utaratibu wa kawaida atasubiri miezi mingi mapato ya majumba ya sinema yamfikie, na muda wote huo hana cha kutengenezea filamu nyingine. Kwa hiyo akaipeleka kwa kampuni changa, ambayo baadaye iliitwa American International Pictures, kwa sharti kwamba impe malipo ya awali papo hapo na iahidi hivyo hivyo kwa filamu zitakazofuata. Kwa maoni yangu, utayarishaji wake ulianzia hapo. Kabla ya hapo alikuwa mtu mwenye filamu mbili tu.

Sharti hilo lilikubalika kwa sababu filamu za kutisha, za mapigano au za uhalifu huuzika bila nyota mwenye jina: bango na kichwa cha filamu vinatosha kumwambia mtazamaji atakachokiona, na msambazaji anaweza kukisia mapato kabla kamera haijawashwa.

Wengi humsifu kwa kasi, hasa kwa The Little Shop of Horrors ya mwaka 1960, ambayo sehemu yake kubwa ilipigwa kwa siku mbili katika seti iliyobaki kutoka filamu nyingine. Mimi hunisikitisha kilichofuata. Kwa kudhani kwamba baada ya maonyesho ya kwanza haitaingiza kitu tena, hakujishughulisha na hakimiliki, na filamu ikawa mali ya umma; ilipopata umaarufu hata ikageuzwa tamthilia ya muziki mwaka 1982, kila mwenye nakala alikuwa huru kuiuza.

Mwaka 1970 alianzisha kampuni yake ya usambazaji, New World Pictures, na sababu yake utaielewa ukifuata njia ya fedha: jumba la sinema hukata fungu lake, msambazaji hukata kamisheni, kisha hukata gharama za matangazo na nakala, na kinachobaki, kama kipo, ndicho humfikia mtayarishaji.

Kwa hiyo usiuze haki zote. Mpe msambazaji wako leseni ya miaka inayotajwa kwa tarakimu na kwa nchi zinazotajwa kwa majina, malipo ya awali yatolewe siku unapomkabidhi filamu, na gharama atakazokata ziwekewe kikomo katika mkataba. Akishikilia haki zote, angalia kama bei yake inalipa madeni yako na kubakiza cha kuanzia filamu ya pili. Isipofikia hapo, kataa. Na kabla hamjaachana, muulize yuko tayari kutanguliza kiasi gani kwa hiyo ya pili, ambayo bado hujaipiga.