Makala ya hoteli ya mjomba kufutwa Wikipedia

Pole yakhe kwa makala yako kufutwa, lakini hapo hujaonewa. Wasema umekopi maneno ya wavuti ya hoteli ya mjombako huko Nyali na mwenyewe kakupa ruhusa, sasa wasimamizi wa Wikipedia watajuaje? Kisha ruhusa ya mdomo haitoshi, maana maandishi ya Wikipedia hutoka kwa leseni ya CC BY-SA, yaani mtu yeyote aweza kuyachukua, kuyageuza, hata kuyauza bora awataje walioandika, mjomba alilijua hilo? Akikubali awatumie Wikipedia imeli ya ruhusa kutoka anwani ya hoteli, au rahisi zaidi andika upya kwa maneno yako. Ile picha ya bwawa uliyoitoa Google, achana nayo.

Lakini hata ukiandika upya, kama mjomba anakulipa lazima useme wazi, mfano kwa ukurasa wako wa mtumiaji, sharti hilo lipo tangu 2014. Tena usiiguse makala mwenyewe, pendekeza kwenye ukurasa wa majadiliano, weka na vyanzo vya magazeti. Na lile "hoteli bora pwani nzima" litoe bwana, nimecheka peke yangu kwa matatu. Ukitaka kuzoesha mkono anza na Fort Jesus, ile ngome ya Mombasa, Wareno walianza kuijenga 1593, huko huna mjomba.