Simu kabatini, macho kwenye viazi

Kuna kipindi nilikuwa nalala saa saba usiku, na si kwa kazi, ni kuperuzi tu. Klipu hii, ile, nyingine. Asubuhi ukiniuliza nimetazama nini, sikumbuki hata moja.

Rafiki yangu mpenzi wa filamu akanipa dawa: Jeanne Dielman ya Mbelgiji Chantal Akerman, ya mwaka 1975. Dakika 201! Mama mjane yuko nyumbani kwake Brussels, siku tatu: anapika, anasafisha, alasiri anapokea wanaume wanaomlipa, anamenya viazi. Kamera imetulia kama mgeni aliyepewa kigoda jikoni. Mwaka 2022 wahakiki waliopigishwa kura na jarida la Sight and Sound la Uingereza waliiweka ya kwanza kuliko zote.

Mimi nilishindwa. Grupu la ukoo lilikuwa na mchango wa harusi, nikachungulia kidogo. Kuinua macho, mama anazunguka na sufuria chumba hadi chumba. Anatafuta nini? Nikazima.

Mara ya pili simu niliifungia kabatini, ufunguo nikampa mke wangu. Nusu saa ya kwanza ni mateso, sifichi. Mkono unapapasa mfuko wenyewe. Baadaye ukatulia, nikaanza kuona. Siku ya kwanza mama akitoka chumbani lazima azime taa. Siku ya pili nywele zimemkaa ovyo, viazi vimepitiliza jikoni, na sasa kavibeba hajui avipeleke wapi. Kumbe ndiyo ile sufuria! Moyo ulinienda mbio kwa ajili ya viazi.

Ukitaka kujaribu, usianze na hiyo. Anza na Koyaanisqatsi ya Godfrey Reggio, ya 1982: dakika 86, hakuna mazungumzo, ni muziki wa Philip Glass na picha za miji ya Marekani, magari na watu wakienda mbio mpaka unahisi kizunguzungu. Itazame kwenye runinga au kompyuta, usitumie simu hata iwe na kioo kikubwa namna gani. Ipakue kabisa kabla, maana bando likikata katikati utaifuata simu kabatini. Karanga ruksa, zinaipa mikono kazi. Shemeji wa kuuliza "sasa inaanza lini?" mwache sebuleni kwake.

Siku hizi Jumamosi baada ya isha mke wangu hangoji kuombwa. Ananyoosha mkono tu, nimpe ufunguo.